Jina Lililoletwa na Nondo

Shanwe, Mpanda
Jioni, kesho ndiyo safari

Kalunde,

Rudisha nguo zako sandukuni kwanza, kisha ndiyo usome. Nimezikuta zimetundikwa tena kwenye kamba ya chumbani, gauni la bluu, sketi, mpaka lile shuka alilokununulia baba yako, kama nguo za mtu asiyekwenda popote. Tangu nizione nina hasira. Mwandiko utausamehe. Kule kwenye darasa la kisomo mwalimu alikuwa akiniambia naandika kama mtu anayepalilia, na leo sina muda wa kupendezesha.

Nakuandikia kwa sababu shangazi yako Melania hajakuacha peke yako tangu afike kutoka Kibaoni. Ukienda chooni, anakusubiri nje. Tena najijua. Nikianza kusema nawe nitapiga kelele, na nikipiga kelele wewe huinamisha kichwa na masikio yako yanaziba. Ukija jikoni kuchukua maji ya kuoga nitakutia karatasi hii mkononi. Isomee bafuni, mlango ukiwa umefungwa.

Sitakuandikia habari za kufua soksi, wala za kuamka mapema, wala za wavulana wa Tabora. Hayo umeyasikia mpaka umechoka. Nataka kukuambia habari za nondo yule wa juzi.

Ulikuwa umekaa karibu na kibatari, unalia kwa sababu ya kuwaacha wadogo zako. Halikuwa jambo la ajabu, hata mimi nililia nilipoondoka kwetu. Nondo akaja akatua chini ya jicho lako, akakunjua mrija wake, akaanza kunywa. Mimi nilinyoosha mkono nimfukuze. Shangazi yako akanishika kiganja.

"Acha, wifi! Usimguse! Bibi Kalunde huyo."

Wewe ukabaki umekauka kama kigogo. Ukauliza kwa sauti ya mtoto wa miaka minne, "Anataka nini, shangazi?"

"Hujaona anavyokunywa machozi yako? Amekataa safari. Anasema nyie mlimwacha peke yake kule kwenye mahame mlikohama, serikali ikawapeleka kijijini, hamkumuaga. Sasa na mjukuu wake anamkimbia."

Baba yako akazima redio. Wewe ukasema basi huendi, mpaka kwanza mfike Kibaoni, mwende kwenye mahame mkamwage unga na kuomba ruhusa. Unajua kama ninavyojua mimi kwamba treni ni kesho, na chuo kimeandika kwamba mwanafunzi wa uuguzi asiyefika siku ya kufungua, nafasi yake anapewa mwingine. Shangazi yako naye analijua hilo. Ukikaa hapa, mwakani utakuwa umeolewa Kibaoni, na mchumba ameshakutafutia.

Nilikwenda jikoni nikaosha vyombo vilivyokwisha kuoshwa. Hasira yangu kubwa haikuwa kwake, wala kwako.

Sikiliza sasa. Nilizaliwa Inyonga, unajua, kwa Wakonongo. Baba yangu alikuwa mtu wa mizinga, anashinda porini na nyuki wake, na mimi kazi yangu ilikuwa mbuzi. Jua likishazama, mbuzi wakiwa wamelala zizini, kulikuwa na nondo wadogo, rangi ya jani la tumbaku lililokauka, waliokuja kutua kwenye macho yao. Sehemu nyingine hawakutua, ni kwenye macho tu. Walikuwa wakipanga mstari chini ya kope kama watu kisimani, wanakunywa machozi. Mbuzi anapepesa, wanaruka kidogo, wanarudi. Nilikuwa nawafukuza kwa tawi mpaka baba akanicheka. Aliniambia waache, wana kiu ya chumvi, hawana kwingine pa kuipata. Aliwaona porini hata kwenye macho ya nyati na swala. Niliuliza wanaitwaje. Akasema hajui mtu aliyewapa jina. Kitu kisicholiwa na kisichouma, alisema, nani atahangaika kukipa jina?

Huyo ndiye nondo wako. Mpaka leo sijakutana na mtu anayelijua jina lake. Watu wengi hata hawajui kwamba yupo, kwa maana anakuja gizani na anapenda zaidi wanyama kuliko sisi. Ni mdudu tu, mwanangu, na mdudu mwenye kiu hazuii treni.

Sasa habari za jina lako. Hii hata baba yako haijui.

Katika ukoo wa baba yako mtoto hakupewa jina hivi hivi. Akizaliwa, wanawake wakubwa walikaa chumbani, na wifi mkubwa, yaani Melania, ndiye aliyeita. Anataja jina la marehemu mmoja wa ukoo, mtoto anawekwa titini. Akinyonya na kutulia, basi ni huyo marehemu amerudi, na jina ndilo hilo. Akilia, anaondolewa, wanataja mwingine. Hapewi titi mpaka litajwe jina. Nilipoolewa niliambiwa hivyo, nikaitikia. Nilikuwa na umri kama wako, na ukiwa mgeni kwa watu unaitikia kila kitu.

Kabla yako nilizaa mvulana. Najua hujawahi kusikia. Hapa nyumbani hatajwi, kwa sababu hana jina la kumtaja. Alizaliwa mzuri, mzito, ana nywele nyingi. Walianza kuita. Maziwa yangu yalikuwa hayajashuka sawasawa, kama ilivyo kwa mzazi wa mara ya kwanza, kwa hiyo alikuwa akishika kidogo, anaachia, analia. Shangazi yako anamvuta. "Siye huyu. Twende kwa mwingine." Wanataja mwingine, anashika, anaachia, wanamvuta. Waliita mpaka majina yakaisha, wakarudia. Alilia mpaka sauti ikawa kama ya paka. Kisha hakulia tena. Wakamzika bila jina, wakasema wazee walimkataa.

Mimi nasema alikufa kwa njaa, na titi la mama yake liko pale pale. Inawezekana alikuwa na ugonjwa ambao sikuujua. Utakwenda kusomea mambo hayo, siku moja utanijibu. Lakini sikupiga kelele siku ile, Kalunde. Nilikaa na mikono yangu mapajani kama mgeni aliyekaribishwa. Baba yako alikuwa nje, akisema hayo ni mambo ya wanawake. Wote tulikuwa na adabu nzuri sana. Kama kuna kitu ninachokichukia duniani ni adabu ya siku ile.

Ukaja wewe. Ni kule kule kwenye mahame, chumba kile kile, na wanawake wale wale. Ulipozaliwa tu shangazi yako akakaa sawa, akaanza. Bibi fulani, babu fulani. Unalia, wanakuvuta. Nikaona yanarudi yale yale, hatua kwa hatua. Maji yakanifika shingoni. Nikaanza kulia, siyo kilio cha kuomba huruma, kilio cha hasira, machozi yanashuka mpaka kidevuni na mimi sijifuti. Na taa ilikuwa pale pembeni.

Akaja nondo. Mdogo, rangi ya tumbaku. Akatua chini ya jicho langu, akaanza kunywa.

Wanawake walipiga ukelele. Hawakuwa wamewahi kumwona hata mara moja, wao watu wa mpunga na mahindi, hawakuchunga mbuzi porini. Shangazi yako akainua mkono wote wanyamaze. Nikamwona uso umembadilika. Akanisogelea, akaninong'oneza, "Kuna mtu amekuja. Nani? Wifi, ni nani?"

Naapa sikupanga. Mimi nilikuwa nafikiri kitu kimoja tu, kwamba sasa nimekuwa kama yule mbuzi wangu. Nilikuwa na mbuzi jike, wa rangi ya wingu la mvua, macho yake yalikuwa yakitoka machozi mwaka mzima, na hao nondo walimpenda kuliko wote. Tulimwita Kalunde, maana kwetu hilo ni wingu dogo. Basi nilipoulizwa ni nani, mdomo ukasema peke yake.

"Kalunde."

"Kalunde! Wa kwenu?"

"Wa kwetu," nikasema.

Shangazi yako akataja jina hilo kwa sauti kubwa, akakuweka titini. Ulilia bado. Akanyoosha mkono akuvute, nami nikakukumbatia, nikamwambia, "Ukimgusa, Kalunde atakuuliza." Hakuna mtu aliyekuwa amewahi kusema naye hivyo. Akarudisha mkono. Nikakushika pale titini mpaka ukalia ukachoka, ukashika, ukaachia, ukashika tena, na hapakuwa na mtu wa kukuvuta. Kulipokucha ulikuwa unanyonya kama mwizi wa asali.

Basi ndiyo hivyo. Bibi Kalunde unayemwogopa alikuwa mbuzi. Cheka ukitaka. Mimi nimecheka peke yangu mashambani miaka yote hii, mpaka wenzangu wakaniuliza kama ni mzima. Siku ya pili yake shangazi yako alikuja na unga, akaniuliza kwa heshima, "Alikuwa mtu wa namna gani, marehemu?" Sikutaka kuongeza uongo juu ya uongo, nikamjibu ukweli mtupu. Nikasema alikuwa mpole, ila akikasirika alikuwa mkali. Nikasema alizaa mapacha mara mbili. "Mapacha!" shangazi yako akashika kifua. Akauliza alikufaje. Nikasema alikamatwa na chui jioni moja, amechelewa kurudi. Alisikitika sana, akamwaga unga mlangoni na kuomba. Ndiyo sababu ulikuwa hupewi ruhusa ya kutoka nje jua likizama, hata kwenda kwa jirani kuomba moto.

Kama ningeishia hapo, nisingekuwa na sababu ya kukuandikia. Uongo wa siku ile siujutii, na nikirudishwa chumbani mle nitausema tena, kwa sauti kubwa zaidi. Lakini niliufuga. Nilimlisha yule mbuzi mpaka akawa mkubwa kuliko sisi.

Ulikuwa umeanza kutembea baba yako alipotaka kuoa mke wa pili, msichana wa Karema, baba yake mvuvi mwenye mitumbwi. Mambo yalikuwa yameshafika kwenye kupeleka posa. Nilimwambia asubuhi moja, tukiwa tunakunywa uji, kwamba Bibi Kalunde amenijia ndotoni, amekataa. Bakuli lilimdondoka. Posa haikwenda. Nilifurahi, Kalunde, sitakudanganya, nilifurahi kama mtu aliyepata shamba la bure. Sikufikiri kwamba bibi akishaanza kusema na mimi, atasema na wengine pia.

Akaanza kusema na Melania. Bibi Kalunde hapendi msichana apande baiskeli. Bibi Kalunde hataki ule kambale. Bibi Kalunde hapendi miluzi. Nilikuwa nakaa nasikiliza nikishangaa, yule mbuzi wangu aliyekuwa anakula hata kamba ya kumfungia, leo amekuwa na miiko kuliko padri. Kisha ukafaulu kwenda shule ya bweni kule Karema kwa masista. Unakumbuka ulivyoruka ruka uani? Shangazi yako akasema bibi haogi maji ya ziwa wala hapendi upepo wa ziwa. Ukabaki. Ulilia wiki nzima, ukanitazama mimi nikutetee.

Nilikuwa na maneno mawili tu ya kusema. Nilikuwa nayo mdomoni. Lakini nilijua nikisema bibi ni uongo, baba yako ataikumbuka ile posa, atauliza na ndoto ilikuwa nini. Nikachagua mume. Nikakuambia mtii shangazi yako. Wewe ukasoma shule ya hapa hapa, ukafika ulikofika kwa kichwa chako mwenyewe, wala usinishukuru kwa hilo hata kidogo.

Watu husema njia ya mwongo ni fupi. Yangu imekuwa ndefu, imefika mpaka kwenye kamba ya nguo zako.

Shangazi yako usimchukie. Mimi namchukia leo kwa niaba ya wote wawili, inatosha. Yeye anakupenda kweli. Alipohamishwa alitoka na chungu kimoja na jembe, makaburi yote ya wazee wake yakabaki porini yanaota majani, na tangu siku hiyo kila mdudu anayeruka ni mtu wake anamlaumu. Ana uchungu ambao hajui aupeleke wapi. Lakini uchungu wake haukupi wewe deni la kukaa nao.

Na wewe pia nina hasira nawe, usidhani umepona. Una miaka kumi na minane. Umesoma habari za damu na mapafu, umenichorea moyo kwa makaa ukutani pale jikoni, ukanionyesha damu inakoingia na inakotokea. Halafu nondo anatua usoni unasema siendi! Hukumtazama hata mara moja. Ungemtazama ungemwona ana mrija, ana miguu, ana kiu. Wewe ulifumba macho ukaanza kusikiliza anasema nini. Huko unakokwenda utaletewa watoto wanaolia. Mtazame mtoto kwanza, baadaye ndiyo usikilize waliomleta wanasema nini. Ukimkuta mama amekaa na mikono mapajani, ana adabu nyingi, mpe mtoto wake. Usingoje mtu aseme mtoto huyo ni nani.

Kesho nitasema. Stesheni, mbele ya baba yako, mbele ya shangazi yako na wote watakaokuja kukusindikiza. Nitaanza na mbuzi, nitamaliza na ile ndoto ya uji. Sikuambii ili unishukuru, nakuambia ili usishtuke ukisikia kelele. Kwanza baba yako atacheka, baadaye atanyamaza, namjua. Akitaka kuoa sasa aoe, huyo wa Karema alishazeeka kama mimi. Shangazi yako huenda asinisalimie mpaka nife. Nimekwisha kuhesabu hayo yote nikiwa naosha vyombo, na bado naona nafuu kuliko kuziona nguo zako kwenye kamba.

Ukitaka, huko Tabora waambie unaitwa Apolonia, kama padri alivyokubatiza. Sitakasirika, au nitakasirika kidogo tu. Lakini usiliache Kalunde kwa kumwogopa mtu, maana mtu huyo hayupo. Katika ukoo wa baba yako kila mmoja anatembea na marehemu mgongoni, baba yako ana wake, shangazi yako ana wake, na wanawabeba mpaka wanachoka. Wewe peke yako hukupewa. Huna mtu aliyelitumia jina lako kabla yako na kuacha madeni.

Kwa hiyo panda treni. Ukiwa Tabora, ukasikia sauti nyuma yako inaita Kalunde, usigeuke kutafuta aliyekufa. Ni wewe unayeitwa. Itika.

Mama yako, aliyekasirika na anayekupenda,
Tekla